"Overmorrow" au "the day after tomorrow": keshokutwa uiandikeje kwa Kiingereza?

Siku ya pili kutoka leo Kiswahili kinaiita keshokutwa. Neno moja, herufi kumi, na hakuna anayeuliza maana yake. Kiingereza cha leo huitaja siku hiyohiyo kwa maneno manne: "the day after tomorrow". Mfasiri aliyezoea wepesi wa keshokutwa huona sentensi yake imebebeshwa furushi. Kisha siku moja anafungua kamusi kubwa na kukuta "overmorrow", neno la Kiingereza halisi, nalo lina herufi kumi, maana ileile bila kupungua wala kuzidi. Anatamani kulitumia kila mahali.

Asilitumie kila mahali, lakini pia asilitupe. Kipimo tunachopendekeza ni kimoja: msomaji asipolielewa neno hili, kitaharibika nini? Kikiharibika mdundo wa sekunde moja tu, neno linafaa. Kama kuna mtu atakosa basi, mtihani, dozi ya dawa au siku ya kesi, andika maneno manne na uyafungie siku na tarehe. Kipimo ni chepesi kukitaja, ila kina mitego njiani, na mingi haiko upande wa Kiingereza. Iko kwenye Kiswahili chetu wenyewe.

Neno limetoka wapi

"Over" hapa ina maana ya kupita, kuwa ng'ambo. "Morrow" hapo zamani ilikuwa asubuhi tu. "Morning" na "morrow" ni ndugu wa tumbo moja. Overmorrow basi ni siku iliyo ng'ambo ya asubuhi ijayo. Inapendeza kuona Kiswahili kilipita karibu na njia hiyohiyo, maana kesho ina undugu na kukesha na kucha, na kutwa ni habari ya jua kuchwa. Lugha mbili zisizojuana ziliipa siku ya mbele jina kwa kutazama mapambazuko yake.

Jamaa za Kiingereza hawakulitupa neno hili. Mjerumani husema "übermorgen", Mholanzi "overmorgen", Mswidi "övermorgon", na ni maneno ya kila siku, ya sokoni na ya shuleni. Mswahili anayeishi Hamburg au Rotterdam hujifunza neno hilo mapema sana, na ndiyo sababu huliingiza "overmorrow" katika Kiingereza chake bila kujua kwamba Mwingereza aliye mbele yake huenda hajawahi kulisikia. Kwa wasomaji wa Kongo, Burundi na Rwanda waliosoma kwa Kifaransa, "après-demain" nalo ni hai kabisa. Kati ya lugha hizi ni Kiingereza pekee kilichobaki kueleza siku hiyo kwa sentensi nzima.

Mahali panapojulikana zaidi neno hili lilipoandikwa ni Biblia ya Miles Coverdale ya mwaka 1535, katika Kitabu cha Tobiti, sura ya 8. Tobia anamwamsha Sara usiku wa arusi yao wasali leo, kesho na keshokutwa, kabla ya kuishi kama mume na mke. Biblia ya Kilatini ilikuwa na "hodie, et cras, et secundum cras", yaani leo, na kesho, na kesho ya pili. Coverdale, aliyefasiri kutoka Kijerumani na Kilatini, alihitaji neno la tatu la kusimama kwenye foleni hiyo, akaweka overmorrow kwa tahajia ya wakati wake. Biblia za Kiingereza zilizofuata maandishi ya Kigiriki hazikuwa na hizo siku tatu za sala, kwa hiyo katika aya hiyo hazikulihitaji neno hili. Kamusi kuu ya Oxford imeliorodhesha kama neno adimu lisilotumika tena.

Shika jambo moja katika mfano wa Coverdale, maana tutalirudia: overmorrow halikusimama peke yake. Lilikuja nyuma ya leo na kesho.

Majina ya siku, pembeni kwa pembeni

| Siku | Kiswahili | Kiingereza cha kawaida | Kiingereza adimu |
|---|---|---|---|
| mbili nyuma | juzi | the day before yesterday | ereyesterday |
| moja nyuma | jana | yesterday | hakuna |
| moja mbele | kesho | tomorrow | the morrow |
| mbili mbele | keshokutwa | the day after tomorrow | overmorrow |
| tatu mbele | mtondo | in three days' time | hakuna |
| nne mbele | mtondogoo | in four days' time | hakuna |

Hesabu hii haiihesabu leo. Leo ikiwa Jumatatu, keshokutwa ni Jumatano, mtondo ni Alhamisi na mtondogoo ni Ijumaa. Tunalisema wazi kwa sababu wako wanaoanza kuhesabu leo kama siku ya kwanza, na wakifika kwenye mtondo huwa wamepotea siku nzima. Wengi wa mjini siku hizi hawasemi mtondo kabisa. Ukilikuta kwenye maandishi ya zamani au kinywani mwa mzee, usilifanye "some day soon". Ni siku ya tatu kamili.

Kabla ya kuchagua, hakikisha ni keshokutwa kweli

Hapa ndipo makosa mengi huzaliwa. Keshokutwa huandikwa kwa namna mbili, ikiunganishwa na ikitenganishwa, na ikitenganishwa inaweza kubeba maana nyingine. "Kesho kutwa nitakuwa shambani" yaweza kuwa siku ya pili kutoka leo, na yaweza kuwa kesho, kuanzia asubuhi mpaka jua linazama. Kwa Kiingereza ya kwanza ni "I'll be on the farm the day after tomorrow", ya pili ni "I'll be on the farm all day tomorrow". Tofauti ni siku nzima. Tazama kitenzi: kama ni cha kudumu, mfano kushinda, kukaa, kungoja, shaka ni kubwa. Kama ni cha tukio la mara moja, mfano kufika, kuondoka, kulipa, basi karibu kila mara ni siku ya pili. Kwenye maongezi neno "nzima" likifuata, "kesho kutwa nzima", jambo limekwisha: ni kesho. Shaka ikibaki, muulize mwandishi, usikisie.

Maana ya tatu haina kalenda. "Kesho na keshokutwa usije ukanilaumu." Mama anayemwambia mwanawe hivyo hasemi habari ya Jumatano. Anasema huko mbele, siku yoyote. Kiingereza chake ni "Don't come blaming me later". Vivyo hivyo "leo, kesho, keshokutwa atarudi" mara nyingi ni "sooner or later he'll be back". Ukiweka overmorrow hapo, umelipa onyo la mama tarehe ambayo hakuitoa. Hata "the day after tomorrow" itakuwa kosa, lakini overmorrow ni kosa lenye kengele shingoni, kwa sababu kila msomaji atasimama kulitazama.

Juzi nayo iko hivyo. "Nilimwona juzi" ni siku mbili zilizopita. "Nilimwona juzijuzi", "majuzi", au "juzi tu hapa" ni siku chache zisizohesabiwa, na Kiingereza chake ni "the other day" au "recently". Wanafunzi wengi hugeuza kinyume: huandika "the other day" kwa juzi ya kalenda, kisha polisi au bosi anauliza ni siku gani hasa, na barua haina jibu.

Panapofaa overmorrow

Chukua sentensi hii ya hadithi: "Bi kizee alihesabu kwa vidole: leo, kesho, keshokutwa. Jahazi litakuja." Tafsiri mbili:

"The old woman counted on her fingers: today, tomorrow, the day after tomorrow. The dhow would come."

"The old woman counted on her fingers: today, tomorrow, overmorrow. The dhow would come."

Ya kwanza ni sahihi, ila vidole vimevurugika: kidole cha tatu kimebeba maneno manne wakati vya mwanzo vilibeba moja moja. Ya pili inahesabu kama bi kizee anavyohesabu. Na msomaji ambaye hajawahi kuliona neno hili ataling'amua bila kamusi, kwa kuwa limefuata "today" na "tomorrow" kwenye foleni. Ni ufundi uleule wa Coverdale. Hapa tunasema bila kusita: tumia overmorrow.

Ukiliondoa kwenye foleni, mambo hubadilika. "The dhow will come overmorrow" ni sentensi inayomsimamisha msomaji. Kwenye shairi kusimama huko kunaweza kuwa na thamani. Kwenye riwaya ya kisasa ya Dar es Salaam, ambapo dereva wa bodaboda anamwambia mwenzake "tuonane keshokutwa", ni uharibifu. Dereva amesema neno la kawaida kabisa, na tafsiri imemvika joho la karne ya 16. Kanuni inayotusaidia: kiwango cha neno kifuate kiwango cha msemaji. Keshokutwa si neno la kale kwa Mswahili, hivyo overmorrow linahitaji sababu ya ziada: mdundo, hesabu, wimbo, tenzi, mchezo wa maneno au hadithi iliyowekwa zamani.

Mtondo ni tofauti. Ni neno ambalo Mswahili mwenyewe huliona lina umri. Ndiyo sababu, kwa maoni yetu, mahali pazuri kuliko pote pa kuitumia overmorrow ni tafsiri ya maandishi yanayoorodhesha mpaka mtondo na mtondogoo. Kiingereza hakina jina la siku ya tatu, lakini ukishafungua na overmorrow unaweza kuendelea "and the day past that, and the day past that again", na msomaji atahisi lugha inayojua kuhesabu mbali. Usibuni neno jipya la Kiingereza kwa mtondo. Mawili ya kigeni kwenye mstari mmoja ni mengi mno.

Wala usione aibu kwamba unalitumia kwa ajili ya tafsiri. Coverdale alikuwa mfasiri. Hata "yesteryear", ambalo leo Waingereza hulitumia kama lililokuwepo tangu zamani za kale, lilitengenezwa na Dante Gabriel Rossetti akifasiri shairi la Kifaransa la François Villon, tafsiri iliyotoka mwaka 1870. Alihitaji neno moja kwa "antan", akaunga "yester" na "year", na lilieleweka kwa sababu vipande vyake vilijulikana.

Sarufi yake, kwa wanaolitumia

Overmorrow hufuata tabia ya "tomorrow". Huandikwa neno moja, bila kistari: m moja, r mbili katikati. Halitanguliwi na "the" wala na "on": "I leave overmorrow", si "I leave on the overmorrow". Umilikishi ni "overmorrow's boat". Mkazo uko kwenye "mo": ova-MO-ro. Mwanzoni mwa sentensi weka mkato baada yake ukitaka msomaji apumue.

"The day after tomorrow" ina "the" yake, na haihitaji "on". Katika mazungumzo, hasa ya Marekani, "the" huangushwa, "day after tomorrow is fine", lakini kwenye maandishi iache ikae. Kosa la kuepuka kabisa ni "after tomorrow" peke yake. Hiyo haina maana ya keshokutwa. Ni wakati wowote baada ya kesho, hata mwezi ujao. "Next tomorrow", utakayoisikia kwenye filamu za Nigeria, ni Kiingereza cha huko na kinaeleweka huko. Mwandikie Mnigeria ukipenda, usimwandikie ubalozi.

Usemi wa taarifa ndio unaowaangusha hata waliobobea. "Alisema atafika keshokutwa", ukilisimulia mwezi mmoja baadaye, haliwezi kuwa "he said he would come the day after tomorrow", kwa sababu hiyo keshokutwa ilishapita. Huwa "he said he would come in two days' time" au "two days later". Overmorrow halikwepi sheria hii. Nalo limefungwa kwenye leo ya msemaji. Kiswahili husaidia kwa kuongeza "yake": kesho yake ni "the next day", keshokutwa yake ni "two days later", jana yake ni "the day before". Ukiona "yake" hiyo, si umilikishi wa mtu, na overmorrow halina nafasi.

Na alama ya "days' time" isisahaulike: kikoma cha juu hukaa baada ya s, kwa kuwa siku ni nyingi. "In one day's time" ndiyo huwa nacho kabla ya s.

Kwenye simu na ana kwa ana

Kwa sauti, usitumie overmorrow hata kidogo kama kuna miadi. Likisemwa haraka, masikio ya Mwingereza hulisikia kama "or tomorrow", au husikia "tomorrow" tu na kudhani mwanzo umemezwa na laini. Yaani likikosewa, linakosewa kuelekea siku iliyo karibu, na mgeni wako anafika siku moja kabla.

Maneno manne nayo si salama kama yanavyoonekana. Neno la mwisho la "the day after tomorrow" ni "tomorrow". Mtandao ukikatika nukta moja kabla yake, anayesikiliza hubaki na siku isiyo sahihi mkononi. Dawa ni kuanza na jina la siku: "Thursday, the day after tomorrow, at nine in the morning". Jina la siku hutangulia, maelezo hufuata, na kimoja kikipotea kingine kinabaki.

Ukishafika kwenye saa, kumbuka kuigeuza. Saa tatu asubuhi ni "nine". Wapo waliotaja siku sawasawa wakapoteza miadi kwa saa sita.

Barua, mikataba na watu walio mbali

Hapa uchaguzi si kati ya overmorrow na maneno manne. Yote mawili yanashindwa na tarehe. Barua pepe inayoandikwa Dar es Salaam Jumanne saa mbili asubuhi hufika Los Angeles ikiwa bado Jumatatu usiku, saa tatu au saa nne kutegemea majira yao. Keshokutwa ya mwandishi ni Alhamisi. Ya msomaji, akiifungua papo hapo, ni Jumatano. Akiifungua kesho yake, hajui aanze kuhesabu wapi. Andika "Thursday 14 May" na utaje saa za wapi. Mwezi uandike kwa herufi: 3/4 kwa Mwingereza na kwa Mtanzania ni tarehe tatu mwezi wa nne, kwa Mmarekani ni tarehe nne mwezi wa tatu.

Kwenye mkataba usiandike pia "within two days" ukikusudia keshokutwa. "Within" inaruhusu leo na kesho. "In two days" ni siku ya pili yenyewe, na "48 hours" ni saa, si siku: ukiipokea Ijumaa saa kumi jioni, inakwisha Jumapili saa kumi jioni, ofisi zikiwa zimefungwa. Kila moja ina kazi yake, na mwanasheria wa upande wa pili anaijua tofauti.

Usiku una mtego wake. Kwa hesabu ya Waswahili wa pwani na ya Waislamu siku huanza jua linapozama, kwa hiyo "usiku wa Alhamisi" kwa wengi ni usiku wa kuamkia Alhamisi, ambao Mwingereza anauita "Wednesday night". Mtu akikualika "keshokutwa usiku" hakuna shida. Akikualika usiku wa siku fulani kwa jina, uliza: wa kuamkia au wa siku yenyewe? Kisha ndipo uandike Kiingereza.

Wasomaji wa Uingereza wana kifupisho kingine kinachofaa kujulikana: "Friday week", yaani Ijumaa ya wiki inayofuata Ijumaa hii ijayo. Leo ikiwa Jumanne, "Friday" ni siku tatu mbele na "Friday week" ni siku kumi. Mmarekani mara nyingi hataielewa. "Fortnight", usiku kumi na nne, ni hai Uingereza na Afrika Mashariki, ila Marekani ni adimu; mwenzake "sennight", usiku saba, alikufa kama overmorrow. "Biweekly" tunakushauri uiache kabisa, maana kamusi zenyewe huipa maana mbili: mara mbili kwa wiki, na mara moja kila wiki mbili.

Manukuu ya filamu

Hapa ufupi una bei. Mstari wa manukuu, yaani maandishi yanayopita chini ya picha, kwa kawaida hauzidi herufi 42 hivi, nafasi zikiwemo, na mtazamaji ana sekunde chache tu. "The day after tomorrow" inakula 22, zaidi ya nusu ya mstari. Kishawishi cha overmorrow ni kikubwa, nasi bado tunasema hapana, kwa sababu mtazamaji hawezi kurudi nyuma kufikiri. Kuna njia ya tatu: jina la siku. "Thursday" ni herufi nane, fupi kuliko overmorrow, na haina utata ikiwa filamu imekwishataja leo ni siku gani. Isipotajwa, "in two days" ni herufi 11 na inapita. Overmorrow ibaki kwa filamu ya mfalme, jini au mganga anayesema kwa mafumbo.

Ereyesterday: ndugu asiye na bahati

Wanaolipenda overmorrow hulibeba na "ereyesterday", la juzi. "Ere" ni kabla. Tunaliweka daraja la chini, kwa sababu mbili. Kwanza, Mwingereza wa leo halioni "ere" mara moja, wala hajui alitamke vipi. Hutamkwa kama "air", kisha "yesterday". "Over" anaijua kila mtu. Pili, juzi katika Kiswahili ni neno jepesi sana, silabi mbili, na kulilipa kwa neno zito la silabi nne ni kumpa mtoto viatu vya babu. Likitumika, litumike kwa jozi na overmorrow, katika sentensi inayotazama nyuma na mbele kwa kipimo kimoja.

Vyovyote utakavyochagua, kitenzi kiwe cha wakati uliopita. Kiswahili huruhusu "amefika juzi", na hapo ndipo "he has arrived the day before yesterday" huzaliwa. Kiingereza kikishataja siku iliyokwisha hakikubali "has": ni "he arrived the day before yesterday". Ereyesterday halikusamehe hilo.

Mitihani

Kwenye insha za shule za sekondari, acha. Msahihishaji ana makaratasi mengi, na neno asilolijua linaweza kupigwa mstari mwekundu kama kosa la tahajia. Programu za kukagua tahajia nazo mara nyingi hulipigia mstari. IELTS, mtihani wa kimataifa wa Kiingereza, ni hadithi tofauti kidogo: vigezo vyake vya alama 7 vinataja msamiati usio wa kila siku, lakini kwa sharti la kujua mtindo na maneno yanayoandamana nalo. Overmorrow ndani ya insha ya hoja kuhusu usafiri wa mjini halina wa kuandamana naye, na mtahini ataona neno lililokaririwa. Lipeleke kwenye hadithi.

Sentensi za kuchukua kama zilivyo

Kwa shangazi aliye Leicester, kwa ujumbe wa simu: "Shikamoo shangazi. I'm landing Thursday morning, the day after tomorrow, 14 May."

Kwa ofisi: "The documents will reach you on Thursday 14 May by 4 p.m. East Africa Time."

Kwa taarifa ya jambo lililopita: "She promised to pay in two days' time and paid on the third."

Kwa onyo la mzazi: "Don't come crying to me later."

Kwa hadithi ya kale, ambapo mke wa nahodha anahesabu mawimbi: "Not today, not tomorrow, not overmorrow, said the sea."